Lipindue Zulia Lako, Mwanangu

Angers, Ufaransa, Jumapili usiku

Mwanangu mpenzi,

Assalaam alaykum. Natumai barua hii itakukuta mzima, wewe na Bibi na wadogo zako. Mimi sijambo, alhamdulillah. Baridi imeanza, lakini koti ninalo na viatu ninavyo, kwa hiyo mwambie Bibi asikeshe akinifikiria.

Usishangae kupata karatasi badala ya ujumbe wa simu. Haya ninayotaka kukuambia ni marefu, na ninataka uyasome umekaa, si huku unatembea njiani kwenda skuli.

Sura tatu za hadithi yako ulizonitumia nimezisoma zote. Ya kwanza niliisoma kazini, saa tisa usiku, wazee wote wamelala na kengele hazilii. Nilipofika pale yule msichana anapoingia ghalani na kusikia nyuzi zinapumua gizani "kama watu waliolala chumba kimoja", niliiweka simu chini nikatulia kidogo. Najua umeyatoa wapi maneno yale. Umeyatoa chumbani kwa Bibi, nyote mmejipanga mkekani, mvua inapiga bati. Hakuna mtu aliyekufundisha kuandika hivyo, na mimi sina la kuongeza hapo. Usiliguse hilo.

Nimekwama kwenye lile zulia lenyewe.

Umeandika kwamba Zulia la Alfajiri lilifumwa na Malkia kwa usiku mmoja, kwa nyuzi za mwezi. Kwamba kila linalotokea duniani hujichora humo lenyewe. Kwamba upanga haulikati, moto hauliunguzi, maji hayaliozeshi. Halafu nchi nzima inalipigania. Nilimaliza sura ya tatu nikajiuliza: kama haliwezi kudhurika, wanalipigania nini? Na mimi msomaji niliogopee nini?

Nikuambie kwa nini swali hilo lilinishika. Katika mji huu ninaoishi lipo zulia kama lako. Si la hadithi, lipo. Dakika kumi na tano kwa miguu kutoka ninapolala.

Niliishi hapa miaka miwili bila kuliona. Ngome ninaipita kila siku nikienda kazini, minara yake minene ya mawe meusi yenye mistari ya mawe meupe, na sikuwahi kuingia. Siku moja bibi mmoja ninayemhudumia, mwalimu mstaafu, aliniuliza kama nimeshaiona Apokalipsi, ndivyo wanavyoliita zulia hilo. Nikasema sijaiona. Akanishika mkono akasema nisikae Angers nikaondoka bila kuiona, itakuwa kama mtu aliyekaa Makka asiione Kaaba. Mfano wake ulinishtua kidogo, lakini nilielewa alikuwa anautafuta mfano utakaonigusa mimi. Jumamosi iliyofuata nikaenda.

Unaingia kwenye ukumbi ambao ni giza karibu tupu. Taa zimefifishwa makusudi, kwa sababu mwanga unakula rangi. Mwanzoni huoni kitu. Unasimama, macho yanazoea, na polepole ukuta wote unaanza kutoka kwenye giza: nyekundu, buluu, nyekundu, buluu, unakwenda mpaka macho yanapoishia, halafu ukuta unapinda kona na zulia linapinda nao. Ni nguo, mwanangu. Sufu iliyofumwa. Kwenda juu ni zaidi ya mita nne, na urefu wake ni kama mita 100. Na hayo ni mabaki. Lilipokuwa zima lilikaribia mita 140, na kwenda juu kama mita sita.

Lina picha za maono ya Yohana, yale ya mwisho wa dunia yaliyomo katika kitabu cha mwisho cha Biblia ya Wakristo. Lilipangwa kwa sehemu sita. Kila sehemu inaanza na mtu mkubwa aliyekaa chini ya kibanda cha nakshi, anasoma kitabu, halafu zinafuata picha 14 kwa safu mbili, saba juu na saba chini. Zote pamoja zilikuwa 90. Zimebaki kama 70 hivi. Kuna joka la vichwa saba linalompa fimbo ya utawala mnyama aliyetoka baharini, naye pia ana vichwa saba. Kuna mauti amepanda farasi, mifupa mitupu. Kuna mji unaoporomoka kama nyumba ya udongo. Kuna mwanamke amekaa juu ya maji anachana nywele, kioo mkononi, na anajitazama kama mtu asiyejua kwamba anatazamwa. Mengine yalinikumbusha habari za Dajali na Yajuji na Majuji tulizokuwa tukisimuliwa chuoni nikiwa mdogo, tukienda kulala tunafunika vichwa.

Lakini nikuambie kilichonishika zaidi. Yohana mwenyewe. Karibu kila picha yumo, kando, pembeni kabisa. Wakati mwingine yuko ndani ya kijumba chembamba kama kibanda cha mlinzi, anachungulia. Hapigani na joka. Hafanyi lolote. Anaona tu, na kazi yake ni kuona ili aandike. Mahali pamoja analia. Mahali pengine malaika anampa kitabu kidogo, naye anakila. Anakila kitabu! Maandiko yao yanasema kilikuwa kitamu mdomoni kama asali, na kichungu tumboni. Nilisimama mbele ya picha hiyo nikakuwaza wewe, unavyokaa barazani na daftari lako wakati wenzako wanacheza, wadogo zako wanakuita huitiki. Hadithi yako haina mtu kama huyo. Ina wapiganaji wengi. Fikiria kama hapana nafasi ya mtu mmoja anayetazama.

Sasa, habari za lilivyofumwa.

Aliyeliagiza ni Louis wa Kwanza, mtawala wa Anjou, jimbo la mji huu, ndugu yake Mfalme Charles wa Tano wa Ufaransa. Ilikuwa miaka ya 1370. Dunia ya watu hawa ilikuwa imevurugika: tauni ya mwaka 1348 ilikuwa imefagia vijiji, vita na Waingereza vilikuwa havina mwisho. Mtu aliyefuma mauti juu ya farasi hakuhitaji kuambiwa mauti yanafananaje. Michoro ilitoka kwa Jean Bondol, mchoraji wa Mfalme, aliyetokea Bruges. Mfanyabiashara aliyesimamia kazi Paris aliitwa Nicolas Bataille. Na Mfalme alimwazima ndugu yake kitabu chenye picha kutoka maktaba yake ili kiwasaidie. Mtunza maktaba aliliandika hilo katika orodha yake: kitabu hakipo, Mfalme amempa Mtawala wa Anjou kwa ajili ya kutengeneza zulia lake zuri. Napenda kwamba jambo hilo dogo ndilo limebaki. Mkutubi aliyekuwa na wasiwasi na kitabu chake.

Lilimalizika karibu mwaka 1382. Miaka kama saba, na hapo walikuwa mafundi wengi.

Wewe unaujua mkeka, kwa hiyo utanielewa haraka kuliko watu wa huku. Katika kitanda cha mfumi kuna nyuzi zilizotandwa, zimekazwa, huo ndio mtande. Halafu kuna uzi unaopitishwa kati yake kwenda na kurudi, huo ndio mshindio. Katika nguo ya kawaida mshindio unapita kutoka ukingo hadi ukingo. Katika zulia la picha haupiti. Kila rangi inakwenda hadi inapoishia tu, labda upana wa kucha, halafu inageuka kurudi, na rangi nyingine inaanzia hapo. Mshindio unabanwa mpaka mtande hauonekani tena. Mtande ndio unaolishika zulia lote, na hakuna anayeuona. Kazi ya namna hiyo ni ya polepole mno. Kwa kawaida mfumaji mmoja hutoa kama mita moja ya mraba kwa mwezi. Nilipiga hesabu nyuma ya tiketi yangu: kama lingekuwa la mtu mmoja, angefuma miaka 70.

Miaka 70, mwanangu. Malkia wako amelimaliza kwa usiku mmoja.

Sikatai uchawi. Hadithi ni yako na nchi ni yako, mwezi uwe na nyuzi, sawa. Ila nataka kujua mikono. Ni nani aliyekuwa akichemsha rangi? Rangi zote za zulia hili zilitoka kwenye majani na mizizi: nyekundu ya mizizi, buluu ya majani, njano ya mmea wa porini, na kijani ni buluu iliyopitishwa juu ya njano. Lazima mtu aliungua vidole. Lazima alikuwepo mtoto anayeokota vipande vya sufu chini ya kitanda, akapigwa asichezee. Lazima alikuwepo fundi aliyeanza kulifuma macho yake mazima akalimaliza haoni vizuri. Majina yao hatunayo. Jina la Mtawala tunalo, la mchoraji tunalo, la mfanyabiashara tunalo. Katika nchi yako ya kubuni wewe ndiye unayeamua nani ana jina. Usiige dunia katika hilo.

Basi zulia likatumika. Mwaka 1400 lilitundikwa Arles, nje, katika ua wa jumba la askofu mkuu, kwenye harusi ya mtoto wa Louis. Mtu mmoja aliyekuwepo aliandika kwamba uzuri wake hauna mtu awezaye kuuandika wala kuusimulia. Baadaye René, mjukuu wa Louis, akaliusia kanisa kuu la Angers, na kwa karne tatu likawa linatolewa siku za sikukuu.

Halafu watu wakalichoka.

Hapa ndipo ninapotaka usome taratibu. Hakuna adui aliyekuja kulichoma. Hakuna mfalme mwovu. Karne ya 18 ilipofika watu wakawa wanaliona zee, zito, la kizamani, lina vumbi. Wakajaribu kuliuza, hakuna aliyelitaka. Yakaja Mapinduzi ya Ufaransa, mali za kanisa zikatawanywa, na zulia likakatwa vipande. Vipande vikatumika kufunikia michungwa isife kwa baridi. Vingine vilipigiliwa kwenye zizi ili farasi wasijichubue ubavuni. Vingine vikawa vya kufutia miguu, vingine vya kuzibia mashimo ukutani. Yule Yohana anayekula kitabu, yule mauti, wale malaika, wote wakawa matambara.

Nilipoambiwa hivyo nilikasirika. Nilitoka ngomeni nikiwa na hasira na watu waliokufa miaka 200 iliyopita. Lakini njiani hasira ikanitoka, kwa sababu nilikumbuka mkeka wangu wa harusi.

Sidhani kama nimewahi kukusimulia. Bibi aliusuka mwaka mzima kabla sijaolewa. Ukindu mwembamba, aliuchagua jani moja moja, akauchemsha mwenyewe kwenye lile sufuria bovu, nyekundu na zambarau na kijani, akauanika kwenye kamba ua mzima mpaka jirani wakawa wanauliza kuna maulidi gani. Alisuka ukili jioni, baada ya kazi zote, huku anazungumza na watu bila kutazama vidole. Kisha akazishona zile kili pamoja, nakshi ikakutana na nakshi. Ulikuwa mkeka wa kutandikwa na kutazamwa, haukuwa wa kukaliwa hovyo. Mwaka uliofuata, msimu wa karafuu ukawa mkubwa, majamvi hayakutosha. Karafuu zimeanikwa nje, mvua ikashuka ghafla bila dalili. Bibi alikimbia ndani akatoka na mkeka ule akaufunika juu ya karafuu. Mkeka wangu wa harusi! Nililia. Bibi alinitazama akasema, "Karafuu ndiyo sukari, ndiyo mafuta, ndiyo ada ya kaka yako. Mkeka nitakusukia mwingine." Hakupata nafasi ya kusuka mwingine. Upande mmoja uliingia maji ukaoza, ukakatwa. Nusu ilibaki.

Kwa hiyo nikafikiri: wale watu wa Angers hawakuwa wabaya. Walikuwa na michungwa ya kulinda na baridi inauma. Mtu akiwa na shida na kitambaa kinene kipo mlangoni, atakichukua. Hilo ndilo linaloua vitu vikubwa mara nyingi kuliko moto na upanga. Ukiniuliza mimi, adui wa Zulia la Alfajiri asiwe yule mchawi wako mwenye jeshi. Awe mama mmoja mwenye mtoto anayetetemeka, hajui zulia ni nini, naye anataka kipande chake tu cha blanketi. Hapo mimi msomaji nitashika roho, kwa sababu nitawataka wote wawili wapone, zulia na mtoto.

Padri mmoja, Joubert, ndiye aliyelirudisha. Kuanzia miaka ya 1840 vipande vilianza kutafutwa na kununuliwa, na yeye alitumia miaka mingi ya maisha yake kuviunganisha na kuvitengeneza. Lilipoanza kuonekana tena kama zulia, ndipo watu wakakumbuka ni kitu gani. Mwaka 1954 ukafunguliwa ukumbi uliojengwa kwa ajili yake tu, humo ngomeni, na mwaka 2023 UNESCO wakaliingiza katika orodha yao ya Kumbukumbu ya Dunia. Hayo ya sifa nayapita. Ninalotaka kukuambia liko nyuma yake.

Unamkumbuka Bibi anavyonunua mkeka sokoni? Muuzaji anautandaza, anasifu nakshi, na Bibi hata hatazami. Anaupindua. Anapitisha kidole gumba kwenye maungo, pale ukili unapokutana na ukili, na pale ukindu mpya ulipoungwa kwenye uliokwisha. Nyuma ndiko kunakosema kama msukaji alikuwa na haraka. Nilipokuwa na miaka kumi na moja nilisuka ukili wenye kosa, jani limepishana, nikageuza upande ule chini nikidhani nimemaliza. Bibi aliufumua wote. Hakunigombeza. Aliufumua tu, taratibu, pima baada ya pima, akaniwekea lile fungu la majani mapajani.

Zulia la Angers lilikuwa limewekewa bitana nyuma, miaka mingi. Mwaka 1982 bitana ikatolewa ili wataalamu walichunguze. Walipolipindua walikuta nyuma ni sawasawa na mbele. Hakuna mafundo, hakuna ncha za nyuzi zinazoning'inia kama ilivyo kwa mazulia mengi. Kila uzi umeingizwa na kufichwa ndani, picha nzima, kwa utulivu ule ule, upande ambao fundi alijua utatazama ukuta. Nani aliwalipa kwa hilo? Nani angeona? Zaidi ya miaka 600 iliyopita mtu alikaa akafanya vizuri mahali ambapo Mtawala mwenyewe asingepatazama.

Na rangi! Mbele, mwanga umekula njano kwanza, kwa hiyo nyasi na miti iliyokuwa kijani imegeuka buluu. Unaona bustani ya buluu, mtu unadhani ndivyo walivyotaka. Nyuma, kijani bado kibichi. Nyekundu inawaka kama shati jipya. Nimeziona picha zake katika kitabu, nikauliza kama ninaweza kuuona upande ule kwa macho, wakaniambia hapana, umefunikwa tena. Ni sawa. Lakini tangu siku hiyo, nikienda pale, kwa sababu nimeshakwenda mara nne sasa, nalitazama lile la mbele huku nikijua kwamba lenyewe hasa, vile lilivyokuwa siku lilipotolewa kitandani, limegeukia ukuta na linakaa gizani.

Fikiria hilo katika nchi yako. Zulia ambalo kila mtu analijua kwa upande mmoja, uliopauka, na wamelitungia nyimbo na sheria kwa rangi zilizopauka, mpaka siku msichana wako anapolipindua.

Nimeanza kukuandikia hadithi yako. Samahani. Nairudisha mikononi mwako.

Kuna jambo moja jingine kuhusu mji huu, nitalisema kwa ufupi. Miaka ya 1930 alikuja hapa mchoraji anaitwa Jean Lurçat, mtu aliyekuwa amepigana Vita vya Kwanza vya Dunia. Akaliona zulia hili, na halikumwachia. Mwaka 1957 akaanza la kwake, la zama zake: kipande cha kwanza kina bomu la atomiki badala ya joka. Mandhari yake ni meusi tii, na juu ya weusi huo anatoka mtu, maji, nyota. Alifariki mwaka 1966 kabla hajamaliza vyote alivyokusudia, lakini vipo vipande kumi, karibu mita 80, vimetundikwa ng'ambo ya mto katika jengo lililokuwa hospitali tangu karne ya 12. Nilikwenda pia. Nakuambia haya kwa sababu uliniandikia kwamba unaogopa wenzako watasema umeiga. Lurçat hakuiga. Alikaa mbele ya kazi ya wengine mpaka akajua swali lake mwenyewe.

Na kwetu jambo hili si geni. Usidhani kufuma ni habari ya wenye sufu na theluji. Kilwa wachimbuaji wa mambo ya kale wameokota vigae vya vyungu vilivyotobolewa katikati, vya kusokotea uzi wa pamba. Ibn Battuta alipopita Mogadishu mwaka 1331 aliandika kwamba nguo zilizofumwa pale zilipelekwa mpaka Misri. Pate walifuma hariri, na Wareno waliisifu na kuitafuta. Lakini ninayoipenda kuliko zote ni habari ya Sofala, kule Msumbiji. Mreno mmoja, Duarte Barbosa, aliandika mwanzoni mwa karne ya 16 kwamba Waislamu wa Sofala walikuwa na pamba yao na walifuma nguo nyeupe, ila hawakujua kuitia rangi. Basi walinunua nguo za buluu zilizotoka Cambay, Uhindi, wakazifumua, uzi mmoja mmoja, wakazichanganya nyuzi zile na nyeupe zao, wakafuma upya. Nguo iliyotoka ilikuwa yao.

Nikikuwaza unavyosoma vile vitabu vya majoka na mabarafu unavyoazima, kisha unakaa barazani Wete unaandika nyuzi zinazopumua kama watoto waliolala kwa Bibi, nawaona wale watu wa Sofala. Fumua, mwanangu. Usiogope kufumua. Ila uzi mweupe uwe wako.

Sasa nimechoka na kesho nina zamu ya asubuhi. Ndani ya bahasha utakuta nyuzi mbili za sufu, nyekundu na ya buluu, nimezinunua dukani tu, si za ngome. Moja ni yako. Nyingine mpe Bibi aishike, umwambie huku wanafuma hivi, na umsomee barua hii yote, hata pale pa mkeka. Hatakasirika. Mwambie nimeshaelewa karafuu.

Ile nusu ya mkeka iliyobaki, mara ya mwisho niliiona juu ya dari, imekunjwa nyuma ya lile sanduku la marehemu babu. Kama panya hawajaimaliza, iteremshe. Usiifute vumbi kwa maji. Itandaze barazani mahali penye kivuli, uipindue, unipigie picha mgongo wake karibu kabisa, pale kwenye maungo. Halafu niambie kama bado inanuka karafuu.

Nakungojea na sura ya nne.

Mama yako